Biskuti za Mtindi wa Halima

Wanangu, ninyi mnaokuja kwangu kila Jumamosi na simu mkononi mkitaka niwaonyeshe biskuti za mafuta kidogo, mimi nimechoka. Sisemi hivyo ili mnihurumie. Mkono wa kulia haupandi tena kupita bega, magoti yananiuma kila ninapoinama jikoni, na nikikanda unga dakika kumi lazima nitafute kiti. Kwa hivyo nimeamua kuandika mara moja, msome wenyewe, niache kurudia maneno yale yale.

Mnaniuliza kana kwamba ni jambo jipya lililoletwa na madaktari wa presha. Mimi nilianza kuoka biskuti hizo hapa hapa Garissa, wakati wa vita vya shifta, wale waasi wa msituni, na sikuzipa jina lolote. Siagi ilikuwa haipatikani, na mume wangu asingeweza kuila hata ingepatikana.

Mimi ni Mtaita. Nililetwa huku na mume wangu, Eliya, aliyekuwa karani wa serikali. Tulifika na binti mmoja wa kunyonya, Wakesho, na masanduku mawili. Kuoka nilijifunza shule ya misheni, kwenye stovu ya chuma yenye mlango, na mapishi yote niliyofundishwa yalianza kwa namna moja: chukua siagi. Sasa siagi ya huku ilikuja na lori. Lori zilikuja kwa msafara, askari mbele na askari nyuma, kwa sababu barabara ilikuwa ya kuviziwa. Mara nyingine msafara ulichelewa mpaka maduka yakabaki na chumvi, majani ya chai na viberiti. Na hata siagi ikifika, kwa joto la Garissa unaimimina. Kisu huhitaji.

Kosa langu la kwanza ndilo mnalofanya ninyi nyote. Nilichukua mapishi yale yale ya misheni, nikaondoa siagi, nikatia maji mahali pake. Zilitoka biskuti nzuri kwa macho. Eliya aliuma moja, akaitoa mdomoni, akaigeuza geuza, kisha akainama akaiweka chini ya mguu wa meza uliokuwa ukicheza. Meza ikatulia. Ilikaa pale miezi, na hata mchwa hawakuigusa.

Mafuta kwenye biskuti hayapo kwa ajili ya utamu tu. Kazi yake ni kuzuia unga usishikane. Ukiyaondoa, unga na maji vinashikana kama gundi, na kadiri unavyokanda ndivyo unavyotengeneza kigae. Ukipunguza mafuta, basi, punguza na mkono. Changanya mpaka unga mkavu usionekane, halafu acha. Najua mkono unataka kuendelea. Uzuie.

Oveni sikuwa nayo. Nilikuwa na debe la mafuta ya taa, limeoshwa kwa majivu siku tatu mpaka harufu ikaisha. Nililaza debe ubavuni juu ya mawe, nikaweka mchanga ndani, juu ya mchanga sinia, makaa chini na makaa kidogo mgongoni mwa debe. Biskuti yenye mafuta mengi inavumilia moto wa kubahatisha. Isiyo na mafuta haivumilii. Ukigeuka kumfuta mtoto pua, imeungua chini na juu bado mbichi. Nimeungua vidole hivi mara nyingi kuliko ninavyoweza kukumbuka, na hiyo ndiyo sababu sipendi mtu anaposema eti kuoka ni kazi ya kupumzisha akili.

Nyuma ya nyumba tuliyopewa na serikali alikaa mjane mmoja wa Kisomali, jina lake Halima. Alikuwa mkubwa kwangu kwa miaka kama kumi. Aliuza maziwa na samli, ambayo wao huiita subag, na ng'ombe walichungwa na mdogo wake, Hassan. Mwanzoni salamu zetu zilikuwa fupi. Zilikuwa siku za kuangaliana vibaya. Sisi watu wa bara tuliambiwa kila Msomali ana ndugu msituni mwenye bunduki, na wao waliona kila mtu wa bara ana ndugu ofisini mwenye orodha ya majina. Halima alinianza yeye, kwa sababu ya Wakesho. Alimsikia akilia kwa joto, akaja bila kubisha, akamvua sweta nililomfumia kwetu milimani, akanirudishia sweta mkononi, akaenda zake.

Kisha Eliya akaugua. Macho yake yaligeuka manjano, mkojo ukawa kama chai ya rangi. Daktari alisema ini limevimba, akampiga marufuku mafuta ya kila namna: samli, nyama yenye mafuta, hata maziwa yenye malai. Nendeni mkatafute chakula kisicho na samli katika mji huu, ndipo mtaelewa. Wali ulikuwa na samli, maharagwe yalikuwa na samli, na uji usio na samli aliuona wa wafungwa. Alichokitamani ni biskuti na chai isiyo na maziwa. Nikawa naoka vile vigae vyangu, yeye anavichovya mpaka vilainike, anameza viwili, analala akiutazama ukuta. Alikonda mpaka pete ya ndoa ikawa inatoka yenyewe.

Halima alikuja kumjulia hali, nikampa biskuti moja na chai. Aliitafuna kwa muda mrefu. Mwisho akaitoa mdomoni, kwa adabu, akaificha kiganjani chini ya mtandio. Kesho yake asubuhi alirudi na kibuyu.

"Subag nimetoa yote," aliniambia. "Hii imebaki ni ya mgonjwa na ya mtoto. Maji usiweke tena, abaayo. Weka hii."

Abaayo kwao ni dada. Ilikuwa mara ya kwanza kuniita hivyo. Na kilichokuwa kibuyuni ni mtindi, yale maziwa yanayobaki baada ya kusukwa na kutolewa samli. Mafuta yote yametoka, uchachu umebaki. Ule uchachu ukikutana na kijiko kidogo cha soda ya kuokea, unga unafura wenyewe na kuwa laini, bila kuombwa sana. Halima hakuwahi kuoka biskuti maishani mwake, lakini maziwa aliyajua kama mimi ninavyojua kiganja changu. Mimi nilijua unga. Tukakaa jikoni mimi na yeye siku nyingi, kila mmoja akimwona mwenzake mjinga kwa lile asilolijua. Siku moja nilimwomba maziwa ya ngamia niyasuke mwenyewe. Aliniacha nisuke asubuhi nzima, mpaka mkono ukafa ganzi, ndipo akaniambia ya ngamia hayatoi subag kirahisi. Nilimuuliza mbona hakusema mapema. Alisema alitaka kuona kama watu wa bara wanachoka.

Mapishi yenyewe haya, muandike. Vikombe vitatu vya unga wa ngano. Robo kikombe cha sukari, usizidishe, kwa sababu ndizi inakuja. Ndizi moja iliyoiva mpaka ganda limeanza kuwa jeusi, zile za mashamba ya mtoni, iponde isibaki na madonge. Kijiko kimoja kidogo cha soda, chumvi ya kubana kwa vidole viwili, iliki. Kijiko kimoja tu cha samli, na kwa mgonjwa hata hicho uache. Halafu mtindi, taratibu, mpaka donge lishike. Halima alisimama nyuma yangu akisema "bole, bole", maana kwa ulimi wake p ilikuwa b. Sukuma donge jembamba, unene wa sarafu mbili, kwa sababu nene zitakuwa mkate. Toboa kwa uma. Zitoe zikiwa bado laini katikati na kingo zimeanza rangi, zitamalizia nje. Msizifungie kwenye mkebe siku nyingi. Zisizo na mafuta huchukua unyevu upesi, zinalegea na kuota ukungu. Oka kidogo, ziliwe, oka tena.

Eliya alikula. Kwanza tatu kwa siku, halafu sita, halafu akaanza kuuliza ziko wapi. Sisemi biskuti ziliponya ini. Daktari alisema ini linajiponya likipumzishwa. Lakini mtu lazima ale kitu wakati ini limepumzika, na mume wangu alikula mtindi wa ng'ombe wa Hassan kwa miezi miwili. Macho yake yakarudi meupe.

Sasa nifike mahali ambapo nimekuwa nikipazunguka.

Wakati ule palikuwa na mipaka. Mifugo ilitakiwa ikae karibu na mji, na mtu hakuruhusiwa kuvuka alama fulani bila barua. Lakini nyasi za karibu na mji zilikwisha mapema, na ng'ombe hali barua. Hassan alikuwa na ng'ombe saba. Aliwapeleka mbele ya mpaka, kwenye vichaka vilivyokuwa bado na majani, na kila alfajiri alikuja kwa miguu na maziwa. Halima aliniambia hilo kwa sababu niliuliza kwa nini siku moja mtindi umechelewa. Aliniambia kama dada anavyomwambia dada.

Eliya alipopata nafuu, wakubwa wake wawili walikuja nyumbani alasiri moja kumpa pole. Nilijaza sahani. Mmoja wao, aliyehusika na mambo ya usalama, alikuwa mpole, mtu mzima mwenye kikohozi. Alikula biskuti nne. Akasema mke wake yuko bara anazioka kwa siagi nusu ratili na bado hazifiki hizi, na huku siagi haijaonekana mwezi mzima. Aliniuliza siri yangu ni nini.

Wanangu, hakuna aliyenilazimisha. Nilikuwa nimekaa miezi nikimwogopea Eliya, mikono imeungua, sijasifiwa na mtu. Nilivimba kichwa. Nilimweleza habari ya mtindi, na jinsi unavyotakiwa uwe wa asubuhi ile ile, na yeye akasema kwa mshangao wa kawaida tu kwamba mji mzima ng'ombe wamekauka. Nami nikajibu kwamba wa Hassan hawajakauka, kwa sababu yeye anawachunga mbali, ng'ambo ya alama, kwenye majani. Nilisema nikicheka. Eliya, kitini pake, aliweka kikombe chini. Afisa aliendelea kutafuna, akashukuru, wakaenda.

Siku ya tatu Hassan alikamatwa akija na maziwa. Kibuyu kilivunjika. Ng'ombe walitafutwa, wengine wakatawanyika vichakani, wengine wakachukuliwa.

Halima alikuja mlangoni kwangu asubuhi hiyo hiyo. Hakujua nani amesema. Alikuja kuniomba msaada, mimi, kwa kuwa mume wangu anajua kuandika barua na anajua mlango wa kupeleka. Nilisimama nimeshika fremu ya mlango. Nilimwambia nitamwambia Eliya. Akanishika mkono, akasema Mungu anilipe.

Eliya alisema ninyamaze. Hakusema kwa ukali. Alisema ana mwili wa mtu aliyetoka kuugua, ana mtoto, na karani anayemtetea mtu wa ng'ambo ya mpaka hakai kazini. Aliandika barua fupi ya kuomba Hassan aangaliwe kwa huruma, barua isiyosema kitu, na mimi nikanyamaza siku nne. Nilioka kwa maji na ndizi. Wakesho alizitema. Kila alasiri nilimwona Halima akipita na bakuli la chakula kuelekea kituoni, alikofungiwa Hassan, na akirudi nalo likiwa limejaa.

Siku ya tano nilimwachia Eliya mtoto, nikaenda mwenyewe kwa yule afisa. Sikubeba biskuti. Nilimwambia maziwa yale nilikuwa nikiyaomba mimi kwa ajili ya mgonjwa, na Hassan alikuwa akivuka kwa haja yangu, si kwa haja ya wale wa msituni. Uso wake ulikuwa wa mtu asiyelala vizuri.

"Ulijua kwamba ni ng'ambo ya alama?" aliniuliza.

"Nilijua. Ndivyo nilivyokuambia nyumbani kwangu."

"Na uko tayari kuandika hivyo, utie sahihi? Mama, fikiria kazi ya mume wako kabla hujanijibu."

Nilikuwa nimefikiria siku nne. Niliandika, nikatia sahihi. Jina langu likatoka kama la mtoto wa darasa la kwanza.

Kutoka pale nilienda moja kwa moja kwa Halima. Alikuwa amekaa kwenye mkeka, akitengeneza kamba. Nilimwambia yote, tangu sahani mpaka sahihi, nimesimama, kwa sababu hakuniambia nikae. Alimaliza kusuka ile kamba, akaifunga mwisho wake.

"Mikono yako mzuri, abaayo," alisema. "Mdomo yako mbaya."

Akaingia ndani. Mtindi haukuja tena mlangoni kwangu, wala sikuutarajia.

Kama wiki tatu baadaye Hassan aliachiliwa, na Eliya akapewa barua ya uhamisho kwenda Mandera. Hakuna aliyesema ni adhabu. Walisema ni mahitaji ya kazi. Siku ile Eliya alikunja mashati yake mwenyewe, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, na safari nzima kwenye lori la msafara alizungumza na Wakesho tu. Tulipofika alikaa wiki nzima hivyo. Siku moja akaniuliza kama debe nimelileta. Nilikuwa nimelileta. Akatafuta mawe matatu, akayapanga. Hatukuongea zaidi ya hapo kuhusu jambo lile, kwa miaka yote tuliyobaki kuwa pamoja.

Mandera niliuza biskuti kwa walimu na wauguzi, na huko ndiko kuoka kulikogeuka kuwa kazi yangu. Vita vilipokwisha tulirudi Garissa, Eliya akastaafu, akafa, mimi nikaendelea. Nimetumia debe, halafu jiko la udongo, halafu oveni ya gesi aliyoninunulia Wakesho, ambayo mwaka mzima niliiogopa. Oveni inashika moto sawasawa, na mgongo unapumzika, siwezi kulalamika. Lakini mtindi wa pakiti mnaoniletea bado una malai, msome karatasi kabla hamjaniambia ni wa mafuta kidogo. Na wale wanaoweka mafuta ya maji badala ya samli, wakadhani wamepunguza mafuta, wapime upya. Kijiko ni kijiko.

Wengi mmeniuliza kwa nini mteja akisifu biskuti mimi hujibu asante na kufunga mdomo. Mmedhani nina maringo, au naficha mapishi. Mapishi nimewapa hapo juu. Nimejifunza tu kwamba mtu akisifu, si lazima nimweleze vitu vinatoka kwa nani.

Limebaki jambo moja, la siku mbili kabla hatujaondoka kwenda Mandera. Nilioka sinia moja kwa unga wa mwisho uliokuwamo ndani, nikazipanga biskuti kwenye sahani, nikaenda nayo nyuma ya nyumba. Hassan alikuwa amekaa nje, kwenye kivuli cha ukuta. Nilikuwa sijawahi kumwona akiwa amekaa. Shavu moja lilikuwa limeingia ndani, na miguu, iliyozoea kutembea tangu alfajiri, ilikuwa imenyooka mbele yake kama ya mtu mwingine. Halima alikuwa mlangoni. Hakunikaribisha, hakunifukuza.

Niliweka sahani chini, nikamwambia Hassan kwamba mimi ndiye niliyesema, na kwamba naomba radhi. Alisema dada yake ameshamwambia. Alisema Kiswahili chake ni kidogo, kwa hivyo niseme polepole. Nikarudia maneno yale polepole.

"Wewe unajua ofisi," alisema baadaye. "Ile ng'ombe yangu nyekundu, iko na mtoto ndogo. Nani anakamua sasa?"

Nilimjibu kwamba sijui. Alitikisa kichwa taratibu, kama aliyelitegemea jibu hilo, akatazama upande wa vichakani. Kisha akachukua biskuti moja, akaitafuna kwa upande wa meno mazima, akachukua ya pili. Alikuwa na njaa. Nilijua kwamba alikula kwa ajili ya njaa tu. Nilikaa chini kwenye mchanga, mbali kidogo naye, nikangoja amalize ili nichukue sahani.